Fulani Aliyejificha Kapuni

Paukwa!

Pakawa.

Hiyo pakawa mmeitoa kama wagonjwa. Sogeeni motoni, toeni masikio kwenye shuka. Paukwa!

Pakawa!

Haya, sasa nimejua mko hai.

Hapo zamani za kale, kabla herufi hazijapenya kwenye vitabu vya hesabu, palikuwa na mto ukiitwa Kizimbwi. Upande wa huku palikuwa na uwanda wa nyasi, na upande wa kule palikuwa na kilima. Masika yakikaribia, mto hupanda na kuumeza uwanda wote, kwa hiyo kila mwenye akili huhama huku kwenda kule. Kivuko kilikuwa kimoja tu, na kwenye kivuko hicho alilala Kenge.

Msiniulize nani alimpa kazi. Hakuna aliyempa. Siku ya kwanza alilala njiani, wapita njia wakamruka. Siku ya pili alilala njiani, wakamzunguka. Siku ya tatu alilala njiani, wakamwamkia na kumwomba ruhusa, na kuanzia hapo akawa Mlinzi wa Kivuko. Akajitungia na sheria: anayepita na kitu kilichofunikwa sharti ataje idadi ya vilivyomo. Akikosea, kitu ni cha Kenge. Asipotaja, kitu ni cha Kenge. Akifunua kuhesabu, basi kumbe alikuwa hajui, na kitu ni cha Kenge vilevile.

Sasa, chakula anachokipenda Kenge kuliko vyote ni nini? Nyie mnajua. Mayai.

Na akina nani waliokuwa wakiishi pale uwandani? Kanga. Ndege wa kijivu wenye madoadoa, wenye kofia ngumu kichwani na maneno mengi mdomoni. Majike wa kanga wana tabia ya kutaga pamoja. Mmoja huja asubuhi akaacha yai lake kwenye tundu, mwingine huja jua likipanda, mwingine huja jioni, na hakuna asemaye hili langu, lile lako. Halafu wana mwiko mmoja mkubwa: mayai hayahesabiwi. Ukiyahesabu umeyatangaza, na ukiyatangaza nyoka amesikia. Kanga mkubwa akisikia mtu anasema "moja, mbili," huziba masikio kwa mabawa na kuimba kwa nguvu mpaka yapite.

Mwaka huo mvua za bara zilianza mapema. Mto ukaanza kuvimba wakati mayai yamebakiza siku moja kuanguliwa. Ikabidi wahame na mayai. Bi Kishungi, shangazi wa kanga wote, akaleta makapu matatu yanayofanana, akayajaza kwa utaratibu wao wa zamani usiohitaji hesabu. Akachukua yai, "Hili lako." Akachukua yai, "Hili lako." Akachukua yai, "Hili lako." Akazunguka hivyo kapu hadi kapu hadi kapu, akazunguka tena, mpaka yakabaki mayai mawili yasiyotosha kuzunguka. Hayo akayafunga kwenye jani la mgomba. Kisha kila kapu akalifunika kawa, kile kifuniko cha ukili. Na kawa la kanga halifunuliwi na mtu. Hulifunua kifaranga mwenyewe kwa kichwa chake siku yake ikifika. Akitangulia mwingine, baridi inaingia na kapu zima linakufa.

Ndani ya makapu yale mlikuwa na yai moja la kanga kijana aliyeitwa Madoa. Lilikuwa yai lake la kwanza tangu azaliwe. Lilikuwa kapu gani, hakujua. Lilikuwa yai gani, hakujua. Alijua tu kwamba limo, na kwamba likiliwa moja miongoni mwa yale huenda ndilo lake. Kwa hiyo yote aliyaona yake. Madoa huyu alikuwa na kasoro moja nyumbani kwao: akiambiwa "ndivyo ilivyo," huuliza "tangu lini?" Walimu wake walimchoka, shangazi zake walimchoka, hata jogoo mmoja aliyetaka kumposa alimchoka kabla ya kumaliza salamu.

Mizigo ya kanga hubebwa na mtu. Akaitwa Mwanaidi, mchota maji, mwanamke mrefu mwenye mzega wake. Mzega mnaujua, ule mti unaokaa begani, mzigo huku na mzigo kule. Mwanaidi akatundika makapu mawili na lile jani la mayai upande wa kulia, kapu moja upande wa kushoto. Mzega ukalalia kulia.

"Huku kuzito," akasema Mwanaidi. "Nipeni mawe."

Mawe ya Kizimbwi ni ya ajabu. Mto umeyasaga yote sawasawa, kila jiwe uzito wa yai moja la kanga, wala halizidi hata unyoya. Kanga wachanga huyatumia kujizoeza kuatamia, na wapo wazembe wanaoatamia jiwe mwezi mzima wakidhani mtoto ni mgumu. Mwanaidi akachukua kapu la nne, tupu, linalofanana na yale matatu, akalaza kawa lake ndani, akalitundika kushoto. Akatia jiwe, akatia jiwe, akatia jiwe, mpaka mzega ukalala sawa begani. Wakaanza safari, kanga wakipiga kelele mbele, kanga wakipiga kelele nyuma.

Wakafika kivukoni. Kenge kalala palepale, tumbo njia nzima.

"Shikamoo, Mzee Kenge," wakasema kanga.

"Marahaba, wanangu. Mmependeza. Mnanukia vizuri sana." Akapitisha ulimi kwenye pua. "Kuna nini humo?"

"Mayai, baba," akasema Bi Kishungi.

"Semeni idadi, au acheni makapu."

Bi Kishungi akajikohoza. "Ni mengi."

"Mengi si idadi, mama. Semeni idadi, au acheni makapu."

"Ni ya kutosha."

"Ya kutosha nani? Mimi sijatosheka. Semeni idadi, au acheni makapu."

Mwiko wa kanga ndio uliowafunga. Kama wangehesabu tangu mwanzo wangejua, lakini hakuna aliyehesabu, na Kenge alijua kuwa hakuna aliyehesabu. Alikaa pale kivukoni miaka yote akiusubiri mwiko huo kama mtu anavyosubiri sahani yake. Mwanaidi alikuwa ametia miguu mtoni, na maji yakamfikia kwenye vifundo.

"Amueni," akasema Mwanaidi. "Hili ni bega, si ukuta."

Kenge akanyoosha mkono kwenye kapu la kwanza.

"Ngoja," akasema Madoa.

"Unajua idadi?"

"Sijui bado."

"Sijui na sijui bado zina tofauti gani, we mtoto?"

"Tofauti yake ni huo mkono wako. Urudishe kwanza, nitakuonyesha."

Kanga wakacheka kidogo, kwa woga. Kenge akarudisha mkono, maana sheria yake aliipenda kuliko alivyompenda mama yake, na sheria haikusema mtu ajibu upesi kiasi gani.

Madoa akauzunguka mzega. Akautazama kutoka huku, akautazama kutoka kule, akapita katikati ya miguu ya Mwanaidi akautazama kutoka chini.

"Shangazi," akasema, "makapu haya matatu, ulijaza sawa?"

"Sawa kabisa. Hili lako, hili lako, hili lako. Ila usiniulize ngapi."

"Sikuulizi. Humo ndani kuna idadi, sisi hatuijui, lakini yenyewe ipo, imekaa imetulia inatusikiliza. Mtu usiyemjua jina unamwitaje?"

"Fulani," akasema Mwanaidi.

"Basi humo amekaa Fulani. Kapu hili lina Fulani, kapu hili lina Fulani, kapu lile lina Fulani, na wote ni yule yule, kwa sababu makapu ni sawa."

"Mtoto amechanganyikiwa," akanong'ona Bi Kishungi. "Ni maji haya."

"Sijachanganyikiwa, Shangazi. Tazama. Kulia pana Fulani wawili na mayai mawili. Kushoto pana Fulani mmoja na mawe. Na mzega umelala sawa. Hebu niyahesabu hayo mawe."

Mabawa yakaruka kwenye masikio, pa pa pa, kama nguo zinazokung'utwa. Bi Kishungi akaanza kuimba.

"Nahesabu mawe," akasema Madoa kwa sauti ya juu. "Mawe hayana mama."

Mabawa yakashuka taratibu. Hilo lilikuwa kweli, na hakuna aliyekuwa amelifikiria. Madoa akayahesabu: mawe kumi na manne.

"Kwa hiyo Fulani wawili na mayai mawili ni sawa na Fulani mmoja na mawe kumi na manne," akasema. "Sasa namtaka Fulani mmoja abaki peke yake, bila mtu wa kujificha nyuma yake. Naanza na haya mayai mawili. Nayatoa."

Akaliondoa lile jani la mayai upande wa kulia, mara mzega ukapinduka. Upande wa kushoto ukashuka kwa kishindo, kapu la mawe likatua kwenye mkia wa Kenge. Kenge akaruka juu kama maharage kwenye kikaango. Kanga wakacheka mpaka watatu wakakaa chini.

"Umeniua," akalia Kenge.

"Pole, mzee. Mkia utaota mwingine," akasema Mwanaidi.

"Huo ni wa mjusi. Wangu hauoti."

"Basi pole mara mbili."

Lakini Madoa hakucheka. Maji yalikuwa yamefika katikati ya miundi ya Mwanaidi. Akasema, "Nimeharibu."

"Hujaharibu," akasema Mwanaidi, akihema chini ya mti wake. "Umesahau tu umesimama mbele ya nini. Miaka kumi na minane nabeba huu. Ukipunguza huku, punguza na kule. Ukiongeza huku, ongeza na kule. Mzega haujali ulichotoa ni kitu gani. Unajali kama umeutendea haki pande zote mbili."

Madoa akamtazama. Akaenda kushoto, akatoa jiwe moja, akatoa jiwe la pili. Mzega ukainuka, ukatikisika, ukalala sawa.

"Fulani wawili ni sawa na Fulani mmoja na mawe kumi na mawili," akasema polepole, na kofia yake ikaanza kumwasha kwa furaha. "Shangazi, shusha kapu moja la mayai kutoka kulia. Nami nashusha hili la kushoto. Kwa pamoja."

"Utatoaje kapu usilojua lina ngapi?" akauliza Kenge, bado akipuliza mkia. "Hapo unadanganya."

"Sijui lina ngapi. Najua lina sawa na lile. Nikitoa Fulani huku nikamtoa Fulani kule, nimetoa kitu kimoja pande zote mbili. Kwani wewe ukipigana na pacha wako, nikiwafukuza wote wawili, nani atakuwa ameonewa?"

Wakashusha kwa pamoja. Kapu moja kutoka kulia, kapu moja kutoka kushoto, wakayaweka majanini, ukingoni palipoinuka, mbele ya Kenge. Mzega ukalala sawa. Kulia palibaki kapu moja lililofunikwa kawa. Kushoto palibaki kapu la mawe kumi na mawili, wazi, kila mwenye macho ayaone.

"Huyo hapo Fulani," akasema Madoa. "Kumi na mbili."

Bi Kishungi akainua bawa kuziba sikio, akalishusha katikati ya njia. "Kumbe hayaumi," akasema.

"Makapu matatu, kumi na mbili mara tatu, thelathini na sita. Na mawili ya kwenye jani. Mzee Kenge, umetaka idadi. Mayai thelathini na nane. Tupishe."

Hapo palikuwa na kelele. Kanga waliruka, kanga walizunguka, kanga walikumbatiana na wasiojuana. Mmoja alimwendea Mwanaidi akamwomba amhesabie madoa yake. Mwingine, aliyekuwa kimya maisha yake yote, akahesabu miguu yake, "moja, mbili," akaona inamtosha akaanza upya. Kwa muda wa kufumba na kufumbua hakuna aliyemtazama Kenge.

Na Kenge alikuwa karibu na nini? Karibu na makapu mawili majanini. Na ulimi wa Kenge ni mrefu namna gani? Mimi sisemi. Tuendelee.

Kelele zilipopungua, Kenge alikuwa amekaa kitako, mpole, mikono tumboni, midomo ameifunga kama bwana harusi anayepigwa picha.

"Umekubali?" akauliza Madoa.

Kenge akatikisa kichwa kukataa. Akaonyesha makapu, akaonyesha macho yake, akatandika kucha zake mchangani kama mtu anayesema: nitahesabu mwenyewe vikitoka, kichwa kimoja kimoja.

"Sawa," akasema Madoa. "Hesabu. Siogopi kuhesabiwa."

Hawakukaa sana. Mayai yalikuwa yameanza kugonga tangu asubuhi. Mwanaidi alishusha kapu lililobaki begani, na kabla halijatulia kawa lake likainuka, kichwa kikachungulia chenye mistari, kikasema, "Mbona kuna mtu mkubwa hivi?" Kenge akachora mstari mchangani. Wakatoka kumi na wawili. Kawa la kapu la pili likainuka, wakatoka kumi na wawili. Jani la mgomba likafunguka, wakatoka wawili, wakigombana nani alitangulia. Kawa la kapu la tatu likainuka. Wakatoka wanane, wakatoka tisa, wakatoka kumi, akatoka wa kumi na moja.

Basi.

Bi Kishungi akainama akachungulia. Maganda matupu. Kenge akahesabu mistari yake kwa ukucha, akainua vidole, akavionyesha mara kadhaa: thelathini na saba. Akafungua mikono yote miwili kama mtu anayewakaribisha watoto kifuani.

Vifaranga thelathini na saba wamesimama mbele ya Kenge, mvua inanukia, maji yamefika magotini mwa Mwanaidi, na sheria ni sheria.

"Mwanangu," akasema Bi Kishungi kwa sauti ndogo, "pengine nilikosea mwishoni. Macho yangu si ya zamani. Kubali thelathini na saba, tumwombe Mzee achukue mmoja tu wa kutusamehe."

"Yupi?" akauliza Madoa. "Nichagulie, Shangazi. Yupi?"

Bi Kishungi akawavuta vifaranga wa karibu chini ya bawa lake.

Madoa akatazama vifaranga. Macho ya wote yalisema thelathini na saba. Hata macho yake yalisema hivyo. Lakini alipoufikiria ule mzega ulivyolala, hakupata mahali pa kuutilia shaka. Alitoa mawili huku, mawili kule. Alitoa Fulani huku, Fulani kule. Yalibaki mawe kumi na mawili. Makapu mawili yametoa kumi na wawili kumi na wawili, na la tatu lilikuwa pacha wao.

"Mimi sikukosea," akasema. "Kwa hiyo yupo mmoja, na kama hayumo kapuni, yuko mahali pengine. Mzee Kenge, umetuonyesha vidole. Sheria yako inasema nini? Mtu huonyesha, au hutaja?"

Kenge akakodoa macho.

"Sema idadi," akasema Madoa.

Kenge akaonyesha vidole.

"Vidole si idadi, mzee. Sema idadi."

Kenge akaguna, "Mmh, mmh," shavu lake moja limevimba, jicho la upande huo limeanza kutoa machozi. Kumeza hakuweza, maana shingo ndefu ile ingeonyesha kila kitu kikishuka, na kanga wote walikuwa wakiitazama. Kutema hakutaka.

Vifaranga nao wakadhani ni mchezo. Wote thelathini na saba wakaitika kwa sauti nyembamba, "Sema idadi."

Kenge akatulia. Kisha macho yakampanda juu. Kuna kitu kilikuwa kinamgonga jino kwa ndani. Ngo. Ngo. Ngo. Akafumba mdomo kwa mikono miwili. Kikamtekenya ulimi, kikamkanyaga ulimi, kikamkunakuna kaakaa kwa makucha mapya kabisa ambayo hayajawahi kukuna kitu, na Kenge akapiga chafya iliyofuta mistari yake yote mchangani. Kifaranga akaruka na ganda kichwani kama kofia, akatua miguuni mwa Madoa, akajikung'uta mate.

"Huko ndani kunanuka," akasema.

"Thelathini na nane," akasema Bi Kishungi. Alisema yeye mwenyewe, kwa mdomo wake, mbele ya watu wote, na nyoka hakuja.

Kenge hakungoja kuulizwa. Alijitupa mtoni, chubwi, akazama mpaka puani. Kivuko kikabaki wazi. Ikaonekana kwamba alipoondoka hakuna kilichoanguka, hakuna kilichobomoka, na njia ilikuwa pana kuliko wote walivyodhani. Mwanaidi akaingiza vifaranga kwenye makapu, kumi na tisa kulia, kumi na tisa kushoto, akayatupa mawe, wakavuka. Kwenye kilima jogoo mmoja akamuuliza Madoa watoto wake ni wangapi, na Madoa akamjibu bila kupepesa: thelathini na nane.

Mpaka leo, kanga wakilia ukingoni mwa mto, kenge aliyekuwa akiota jua hujitosa majini mara moja. Watu husema anaogopa kelele. Kelele gani. Anaogopa kuulizwa swali.

Hadithi yangu nimeitua hapa, mzega umelala sawa. Anayetaka kuongeza kitu upande mmoja, asisahau wa pili.